Tundu kwenye Katoni ya Tambi

Tuliokuwa sebuleni siku ile ni mimi, dada yangu anayenifuata, kaka yetu kitinda mimba, na mwenye nyumba, mama mtu mzima tunayemwita eeddo, yaani shangazi kwa Kisomali, ingawa si wa damu. Alikuwa rafiki ya mama yetu. Kanda ya video iliyokuwa ndani ya deki ilikuwa ya harusi yake, iliyofanyika hapa hapa Garissa.

Mama yumo kwenye kanda ile. Kwingine hayumo; hatukuwahi kuwa na picha yake. Alipofariki, miezi michache baada ya baba, kitinda mimba alikuwa bado ananyonya. Mimi niliacha shule darasa la sita nikapata kazi kwenye duka la kukodisha video: kufuta ukungu kwenye kanda, kuzirudisha mwanzo, kunakili za harusi. Huko ndiko nilikoanza kujiuliza ni nani waliotupiga filamu sisi watu wa huku, na walizipeleka wapi. Nikauliza watu, nikaandika. Siku hizi redioni wananiita mwanahistoria wa filamu na mchambuzi wa utamaduni. Dada yangu hucheka kila akisikia.

Shida ilikuwa hii. Kanda za harusi za upande wa wanawake ni za wanawake peke yao, vichwa wazi, wanacheza na kuimbiana. Mimi na dada, kwa kuwa ni wanawake, tungeweza kuitazama. Kaka yangu angeweza kumtazama mama yake, lakini si wale waliomzunguka, na bibi harusi mwenyewe alikuwa mmoja wao. Miaka yote eeddo alikataa kaka aitazame, nami sikumlaumu.

Safari hii nilikwenda na katoni kubwa ya tambi, nimeikunjua na kuikata tundu la ukubwa wa kiganja katikati. Nilimweleza kwamba katoni itafunika kioo chote cha runinga, na tundu litamfuata mama tu.

"Mama yako hakuwa mtu wa kutulia, wewe! Utamkimbiza na hilo likatoni?"

"Nipe kanda kwanza niitazame peke yangu, eeddo. Nitajua kila anapopita."

Aliniacha nikaitazama siku nzima. Halafu tukamwita kaka.

Alikaa mkekani, mikono magotini, kama mtu aliyeitwa ofisini. Dada akabonyeza deki. Niliisogeza katoni kushoto, juu, kisha nikaitua.

"Ni huyu?" kaka akauliza.

"Huyo."

"Mbona mdogo hivi?" akauliza tena. "Ni msichana tu."

"Ulitaka azaliwe mzee?" eeddo akamjibu kutoka mlangoni, na dada akacheka huku akifuta macho kwa mtandio.

Mama akaingia kati ya wenzake. Niliziba tundu kwa kiganja.

"Amekwenda wapi?"

"Kuleta chai. Anarudi."

Akarudi, akapita karibu kabisa na kamera, uso wake ukajaa tundu lote. Kaka yangu alisema, "Salaam aleikum, hooyo," yaani mama, kwa sauti ya kawaida, kama vile yeye ndiye ameingia nyumbani. Baada ya hapo mama haonekani tena. Dada alizima.

Kaka alipotoka kuosha uso, eeddo alinishika mkono.

"Sasa na mimi. Mama yangu alipigwa filamu na wageni, anateka maji visimani Wajir. Si wewe ndiye unayezungumzia filamu hizo redioni? Nitafutie. Hata kama ni mgongo wake tu."

Nilimwambia nitatafuta. Tangu siku hiyo nimeandikia kila hifadhi ya filamu ninayoijua. Wananitumia vipande: visima, ngamia, wanawake wasiotajwa majina. Kila kimoja nampelekea kwenye simu. Hukitazama hadi mwisho, hunirudishia simu, husema, "Siye. Huyu ni mama wa watu wengine." Kisha huniuliza kama nimekula.

Kaka yangu ameshamwona mama yake. Eeddo bado, na macho yake yameanza kupungua nguvu.