Dakika Nne Chini ya Paa

Nilizinduka hospitali nikakuta kisa cha kuanguka kwangu kimeshaandikwa na kutiwa sahihi.

Kilisema niliifungua kamba ya usalama mwenyewe ili nikavute sigara.

Wakuu, mimi sigara sijawahi kuvuta.

Naitwa Ropati, Msamoa, naishi Logan hapa Queensland, Australia. Miaka tisa nimekula jasho la kuezeka mabati. Siku hiyo tulikuwa wawili tu juu ya godauni, mimi na foromani wangu Alapati.

Alapati hakuwa foromani tu. Tumetoka kijiji kimoja kule Samoa, kisiwa cha Savai'i. Ndiye aliyeniombea kazi, na ndiye baba wa ubatizo wa binti yangu.

Saa nne asubuhi nilikanyaga lile bati la plastiki la kupitisha mwanga. Likapasuka.

Nilishtuka, ila sikuogopa sana. Mikanda ya usalama nilikuwa nimevaa, kamba imefungwa kwenye pete ya chuma pale juu. Nikasubiri inidake.

Haikunidaka.

Mita saba. Nyonga ikavunjika, uti wa mgongo ukapata ufa. Nikazima.

Maelezo yale ya sigara yalikuwa ya Alapati, shahidi pekee. Nilipomuuliza, akasema watu wa bima wamepindisha maneno yake, nipumzike. Kila siku alikuja na magimbi kwa tui la nazi, akanishika miguu, akaniombea.

"Umeumia kichwa, kaka," alinambia. "Mengine hukumbuki vizuri."

Nikaanza kujitilia shaka. Hata mke wangu Lusila aliniuliza kwa upole kama huwa navuta kwa kujificha.

Hapo ndipo nilipochoka kabisa. Nikalia kama mtoto.

Wiki ya tatu akaja Bi Noreen, mpelelezi wa ajali za kazini. Alikuwa na video. Kiwanda cha jirani kina kamera inayotazama moja kwa moja mlango wa godauni, na siku ile ulikuwa wazi.

Nikajiona nimelala sakafuni. Alapati akaingia mbio, akapiga magoti. Nikasema moyoni, ndugu yangu huyo.

Kisha akafungua ndoano mgongoni mwangu. Akakunja kamba, pete bado ipo mwishoni mwake, akaenda kuificha kwenye pikapu yake.

Ndipo akapiga simu ya kuita msaada. Dakika nne zilikuwa zimepita.

Wapelelezi waliikuta ile kamba chini ya kiti cha pikapu. Pete ilikuwa imefungwa kwa skrubu mbili. Zilitakiwa nane.

Kesho yake akaja na chakula kama kawaida. Nikamuuliza nani aliifunga ile pete.

Akakiweka chakula mezani. "Mimi. Skrubu ziliisha, bosi akataka tumalize kabla ya mvua. Nilipanga kuziongeza baada ya chai."

"Hilo ningekusamehe. Na zile dakika nne?"

"Nilidhani umeshakufa, Ropati. Nikawaza watoto wangu."

Hakujua kuna video. Hakujua kwamba humo nimemuona, kabla hajaigusa kamba, akiweka kiganja chake puani kwangu. Akakiacha pale. Akahakikisha napumua.

Nikamwomba Lusila amfungulie mlango atoke.

Maelezo yangu nilimpa Bi Noreen siku ile ile, bila kuficha jina. Kesi iko mahakamani. Kanisani wapo wasionisalimia tena, wanasema nimemchoma mtu wa nyumbani. Sawa. Mimi natembelea magongo, wao wanatembea.

Wewe unayepanda juu kila siku, nisikilize. Usimwachie mtu mwingine roho yako eti kwa sababu unamwamini. Kabla hujaning'inia, hesabu skrubu mwenyewe, vuta pete kwa mkono wako mwenyewe.

Hata kama aliyeifunga mmekula sahani moja.

Hasa huyo, kwa sababu ndiye ambaye hutamkagua.