Ukurasa wa Asidi

Mimi ni mwoga, na sioni haya kusema. Wenzangu walinicheka sana: mlango ukigongwa, mimi niko chini ya meza kabla mgeni hajasema hodi. Lakini kwa mwoga huenda kicheko, kwa shujaa huenda kilio, na mwaka ule wa tisini na mbili Kigali haikuwa mahali pa kujifanya shujaa.

Nilikuwa mwaka wa mwisho wa sekondari, na mtihani wa taifa ulikuwa umekaribia. Kitabu cha kemia shuleni kwetu kilikuwa kimoja, cha mwalimu, na hakikutoka mkononi mwake. Kingine kilikuwa mjini, kwenye chumba cha kusomea cha parokia. Kukisoma palepale ilikuwa ruhusa kwa yeyote. Ukitaka kukichukua nyumbani siku tatu, unaacha kitambulisho chako kwenye droo ya mama mkutubi. Na siku zile, ukikutana na kizuizi cha askari bila kitambulisho, wewe si mtu tena.

Kijana mmoja tuliyekaa naye dawati moja alikuwa na njia yake ya mkato. Alikata kurasa za vitabu vya parokia kwa wembe. "Chukua huu wa asidi," aliniambia siku moja, akicheka. "Usichoazima hakidaiwi." Nikakataa. Baba yangu alikuwa fundi wa magari Gatsata, na kwetu spana ya jirani ilirudi siku ileile, imefutwa grisi. Nilikataa, ila sikumsema kwa mtu. Huo nao ulikuwa woga, nisijipake mafuta.

Basi nikaenda kuazima kwa haki. Nilipiga hesabu zangu vizuri: kizuizi cha Nyabugogo huwekwa jioni, mimi nitapita saa saba mchana. Nikaacha kitambulisho, nikakumbatia kitabu, nikateremka.

Nyabugogo nikakuta gogo limeshalazwa barabarani.

"Ikarita iko wapi?" askari akauliza, akitaka kitambulisho. Nilichompa ni kitabu. Akakifungua, akaona zile herufi na namba zilizopandana, akamwita mwenzake. Wakakigeuza juu chini.

"Hii maandishi ni ya nani? Iko siri?"

"Ni kemia, afande. Ya shule."

Kando ya ukuta watu wanne walikuwa wamekalishwa chini, mikono kichwani. Mmoja alinitazama kisha akainamisha uso haraka. Askari akaniuliza ninakaa wapi, na mimi, mjinga wee, nikamwonyesha kwa kidole hadi paa la nyumba yetu.

"Kitabu inabaki hapa," akasema. "Leta ikarita. Ukichelewa, sisi tutakuja."

Nilipanda ule mlima kuelekea mjini nikikimbia, na kila gari lililonguruma nyuma yangu nilidhani ni lao. Mama mkutubi, aliyekulia Bukavu na Kiswahili chake cha kule, alikuwa anapanga magazeti.

"Mama, nakuomba kitambulisho changu."

"Kitabu iko wapi?"

"Iko kwa askari."

"Basi kitabu kwanza, mutoto yangu. Sheria ni sheria."

Nikaketi sakafuni nikalia kwa sauti. Askari anataka kitambulisho ndipo atoe kitabu, mama anataka kitabu ndipo atoe kitambulisho, na mimi katikati sina hata kimoja. Nikamweleza kuhusu wale wanne ukutani. Akavuta droo kutafuta changu, mkono ukasimama. Vitambulisho vilikuwa vingi mle, vimefungwa kwa mpira, na kila kimoja kilikuwa na uso wa mtu.

"Hawa wote wako njiani," akasema polepole. Akavitia vyote kwenye mkoba, pamoja na daftari lenye anwani zao, akafunga mlango, akanishika mkono.

Kwenye kizuizi askari alichukua kitambulisho changu na kuweka kidole kwenye mstari wa kabila, mstari ambao kila mtu aliusoma kwanza. Mwishowe akamrudishia mama kitambulisho, na kitabu pia. Nikageuka twende zetu. Lo! Mama yeye akakifungua palepale, akaanza kuhesabu kurasa kama afanyavyo mezani kwake.

"Mama, twende," nikanong'ona.

"Ngoja. Hapa iko pengo." Akainua macho. "Afande, ni nyinyi mumekata?"

Askari akateremsha bunduki begani. Nikasikia mtu anapiga kelele, kumbe ni mimi. "Si yeye! Ulikatwa zamani! Namjua aliyeukata!"

Askari akacheka. "Mama, mwizi wako iko kwenu," akasema, akatupungia mkono tupite.

Tulipofika mbali mama akanipa kitambulisho, kitabu akakibana kwapani. "Ukurasa ikirudi, na kitabu itarudi kwako. Ni nani?"

Nikalitaja jina la kijana wa dawati langu. Mama akasimama, akapapasa mkoba.

"Yake iko humu. Juzi aliazima kitabu ya fizikia."

Jioni hiyo alizunguka nyumba kwa nyumba akirudisha vitambulisho, yeye na miguu yake mibovu. Wote wakavipata isipokuwa mmoja. Kesho yake dawatini nilikaa peke yangu. Mwenzangu alikuwa amesimamishwa bila kitambulisho kwenye kizuizi cha njia ya Kabuga, na hatukupata kuambiwa zaidi ya hapo.

Nilichukua siku nyingi kupata moyo wa kwenda kwa mama yake. Nilimwambia ninatafuta ukurasa. Hakuuliza ukurasa gani. Alileta daftari la mwanawe, na ukurasa wa asidi ulikuwa ndani, haujakunjwa hata pembe.

"Alisema anakutunzia wewe," akaniambia. "Alisema utabadili mawazo."

Nikaupeleka parokia. Mama mkutubi akaubandika kwa gundi, akahesabu kurasa kuanzia ya kwanza hadi ya mwisho, na zikatimia. Akanisogezea kitabu nikakisome nyumbani. Hakuniomba kitambulisho. Droo ilikuwa wazi, na ndani mlikuwa na kimoja tu.