Mwaka wa Nchi Isiyo na Mwezi

Siku yangu ya kwanza kazini niliingia shuleni Mofu miguu mitupu, viatu mkononi, maana maji ya Kilombero yalikuwa yamepanda na mtumbwi ulinishusha kwenye matope. Ilikuwa mwanzoni mwa miaka ya hamsini. Mwalimu Mkuu, mtu mfupi mwenye sauti ya amri, alinipa kipande cha chaki kilichokatwa nusu.

"Darasa la tatu ni lako, Mwalimu Agatha. Andalio la somo nilione mezani kwangu kabla ya kengele, kila siku."

Andalio la somo ni mpango wa kipindi: utafundisha nini, kwa kifaa gani, na utajuaje kwamba wameelewa. Nililiandika maisha yangu yote ya kazi, hata nilipokuwa na homa.

Vifaa ndivyo vilivyokuwa haba. Hatukuwa na ramani wala kalenda. Watoto waliimba Januari mpaka Desemba kama kasuku, lakini nilipowauliza kwa nini mwaka huisha na kuanza tena, walitazamana tu. Jambo hilo lilinisumbua, kwa sababu mbele yao ulikuwepo mtihani wa darasa la nne, nao ulichuja kwelikweli. Wachache walikwenda shule ya kati, ya darasa la tano na kuendelea. Wengine walirudi kwenye jembe.

Asubuhi moja nikawaambia, "Leo tunatunga nchi. Angani kwao hakuna mwezi kabisa. Sasa, watahesabuje miezi?"

Walicheka. Kisha akasimama Veronika, binti wa mvuvi Mzee Lyandeka, mtoto aliyekuwa na tabia ya kuuliza kabla ya kujibu.

"Mwalimu, nyota wanazo?"

"Wanazo. Hizi hizi zetu."

"Basi wahesabu kwa nyota."

Nchi tukaiita Ng'ambo. Mwaka wake tuliugawa kwa vituo. Jua lilipotua, kila mtoto alitazama mashariki, akiwa kwao au juu ya dungu, kile kibanda cha mashambani cha kulindia mpunga usiliwe na ndege. Kundi jipya la nyota likichomoza, kituo kipya kimeingia. Kilimia, lile kundi dogo la nyota za msimu wa kulima, tulikikuta na jina lake. Makundi mengine tuliyabatiza wenyewe: Mtumbwi, Mamba, Mchi, na Mgono, yaani ule mtego wa samaki unaosukwa kwa matete. Nikachora duara kubwa kwenye ukuta wa udongo kwa mkaa na udongo mweupe, na watoto wakawa wanachora kila kituo mahali pake. Sijawahi kuwa na kifaa cha kufundishia kilichonipendeza kama ukuta ule.

Balaa lilianza nje ya darasa. Mzee Lyandeka alifika shuleni na wazazi wenzake, uso umekunjamana.

"Shikamoo, Mzee," nikasema.

"Marahaba, mwalimu. Mwanangu alitaka kula nyama Ijumaa, siku ambayo dini yetu inaikataza, eti Ng'ambo hakuna Ijumaa. Nimemleta asome au apigiwe ramli? Kama ni mambo ya nyota, namchukua akalinde mpunga."

Wengine wakaitikia. Mwalimu Mkuu akaniita ofisini. "Futa ukuta ule. Watoto wakiondoka, shule itafungwa, na mimi na wewe tutarudi makwetu."

Nilimwambia, "Niruhusu kipindi kimoja, wazazi wakiwamo. Wakikataa, nitafuta kwa mkono wangu."

Alipangusa miwani. "Kimoja," akasema.

Wazazi walijaa mpaka mlangoni. Veronika alishika fimbo, akaeleza duara lote mpaka mwaka unaporudi ulipoanzia, akamalizia kwamba Ng'ambo ni ya kutungwa, na kwamba Ijumaa ya Mofu iko palepale. Watu wakacheka. Baba yake hakucheka.

"Mnieleze jambo moja," akasema. "Masika mawingu yanafunika nyota zote. Hao watu wenu wanajuaje mwaka umefika wapi?"

Andalio langu halikufika huko. Veronika alitazama ukuta, kisha baba yake.

"Baba, wewe mawingu yakifunga unajuaje?"

Mzee akajikuna shingo. "Mimi? Natazama kambale. Wakianza kupanda mbugani kutaga, najua masika yamefika katikati."

"Basi tukiandike kituo cha Kambale?"

"Si hapo!" Mzee akainuka, akapita katikati ya madawati, akaweka kidole ukutani. "Hapa. Baada ya Mgono." Akachukua mkaa mwenyewe akachora samaki, ndevu zote. Wazazi wengine wakaanza kubishana naye kuhusu vyura na vituo vyao, nami nikakaa pembeni, machozi yakinilengalenga kwa furaha. Hakuna mtoto aliyeondolewa.

Baadaye alikuja Msimamizi wa Shule, akasimama mbele ya ukuta kwa muda mrefu. "Nchi hii iko wapi kwenye ramani?"

"Bado hatujaichora, bwana."

"Ichoreni," akasema, kisha akanihamishia Michenga, nikawaonyeshe walimu wa huko namna ya kufundisha hivyo. Toka Michenga nikaenda Idete, na mwisho Ifakara mjini, nikiwa Mwalimu Mkuu. Kila shule ilitunga nchi yake. Idete walikuwa na nyota ya Gunzi la Hindi, na walilitetea kwa hasira. Veronika alishinda mtihani, akaenda shule ya kati, akawa mkunga.

Sasa nimestaafu. Walimu vijana hunitembelea na kunionyesha vitabu vizuri vyenye picha za rangi, na mimi huvifurahia. Wakiniuliza kazi yangu ilikuwa nini hasa, huwaambia bila haya: niliwaonyesha watoto wa bonde hili kwamba mwaka ulipangwa na watu, na kwamba wao nao ni watu.