Sura ya Bibi Yangu Chini ya Wino Mweusi

Kwetu Kirolirwe, mupiga picha anakuja siku ya soko. Anakupiga juma hii, juma ya kufuata anakuletea picha mukononi. Njo vile tulizoea. Kwa hiyo siku ile, kwenye kambi ya wakimbizi, bwana mugeni mwenye appareil ya picha alipouliza kama anaweza kupiga bibi yangu, miye mwenyewe nilijibu: "Mupige, kaka." Picha yetu ya ndoa ilikuwa imeungua pamoja na nyumba, waasi walipotukimbiza. Nikawaza tutapata ingine.

Wakati wa kupigwa picha, bibi alikuwa analilia ng'ombe wake wa mabaka, ule alikamua kila asubuhi. Waasi walimuchinja.

Tulingojea soko tatu. Kisha mwalimu mumoja aliyepita kambini akatuonyesha revue yake, gazeti la picha. Bibi yangu alikuwa ndani, na chini yake waliandika kama waasi walimubaka. Uongo. Nani alimuuliza? Wanawake wakaanza kunyamaza akifika kwenye robine ya maji. Akaacha kwenda kanisa. Mvua iliyofuata, homa ikamubeba.

Wenye kosa ninawataja: ule mupiga picha mugeni, mukubwa wa revue, ule aliyeandika bila kuuliza, na miye, niliyesema mupige.

Avoka mumoja, muntu wa sheria, alichukua mambo yetu, tukaenda Goma, kwenye biro ya revue.

"Papa, dunia isipoona, nani atawasaidia?" mukubwa wa revue aliniuliza.

"Na ile sura iko ya nani? Ya dunia?" avoka akamurudishia.

Walibishana asubuhi nzima, sheria huku, sheria kule. Miye sikusikia sana. Revue ilikuwa wazi juu ya meza, na niliona lile kovu kidogo juu ya jicho la bibi, pale ndama ilimugonga siku moja, yeye akicheka. Nilikuwa nimeanza kulisahau.

Tukashinda. Walitia sahihi: maneno yatafutwa, na sura itafunikwa na wino mweusi, pahali pote.

"Sawa," nikasema. "Basi munipatie moja yenye haijafunikwa."

Mukubwa wa revue akafunga revue, akaitia ndani ya droo. "Papa, sasa njo nimekatazwa. Siwezi kuipatia muntu yeyote."

"Hata bwana yake?"

Akaangalia avoka. Avoka akakunja ile karatasi ya sahihi, akaitia mufukoni.

Nimerudi Kirolirwe. Siku ya soko, mupiga picha wa kwetu akifungua mufuko wake, ninasogea pamoja na wengine. Ninajua hana kitu changu. Ninasimama tu mpaka amalize kugawa.