Mgeni aliyeuamini mwaliko wa Khanh

Saa moja na nusu asubuhi. Joto la Hue, mji wa kale wa wafalme wa Vietnam, limekwisha kupanda, na Dieu Khanh anahesabu vichwa ndani ya basi dogo lililoegeshwa barabara ya Le Loi. Wageni wake wote wamekaa, walimu wastaafu kumi na wanne kutoka Nam Dinh. Dereva, Tuat, amewasha injini. Hapo mlango unagongwa.

Nje amesimama bikizee asiyemjua. Amevaa gauni refu la zambarau lenye mikunjo ya kukaa sandukuni, kofia ya majani mkononi, mfuko wa kitambaa begani. Vidole vyake vina wekundu wa rangi ambayo sabuni imeshindwa kuitoa.

"Nimekuja, mwanangu," anasema. "Sijachelewa?"

"Umekuja wapi, bibi?"

"Kutembezwa. Si ulinialika?"

Khanh anamtazama uso, kisha vidole, na kumbukumbu inamrudia polepole. Ilikuwa siku ya mvua, kabla ya mwaka mpya wa Tet. Pikipiki yake ilizimika njiani huko Thuy Xuan, kwenye vijiji vya watengeneza udi, na mwanamke mmoja akamwita barazani, akampa chai na kiazi kitamu cha kuchoma. Alipouliza mgeni wake anafanya kazi gani, Khanh alimwambia huwatembeza watalii.

"Basi mimi nimeishi hapa miaka arobaini na sijaiona hata ikulu," mwanamke alisema akicheka.

"Siku moja nitakuchukua, bibi," Khanh alijibu huku akivaa koti la mvua. "Siku nzima. Ikulu, makaburi ya wafalme, mpaka mashuani." Akamwambia hata mahali basi linapoondokea.

Yalikuwa maneno ya kuagia tu. "Kwetu Hue ukiondoka kwa mtu lazima umkaribishe," anaeleza Khanh, mwenye umri wa miaka arobaini na mmoja. "Yeye anakwambia asante sana, siku nyingine. Mnainamiana vichwa, yamekwisha. Ukimwona kweli mlangoni kwako, utadhani kuna msiba."

Lakini bikizee huyu, Bibi Ngoan, hakuzaliwa Hue. Aliolewa huku akitoka milima ya Quang Binh, na kwao mtu akikuambia njoo, unaosha miguu unakwenda. Alingoja kwanza amalize udi wa Tet, halafu udi wa mwezi mpevu wa sikukuu ya Buddha. Kazi ilipopungua, akatoa gauni sandukuni.

Kwa Khanh, asubuhi hiyo haikuwa asubuhi ya kawaida. Kwenye kiti cha nyuma kabisa cha basi alikaa Bwana Loc, msimamizi wa kampuni, miwani puani na chupa ya chai ya barafu mapajani. Alikuja kumpima. Kampuni ilikuwa na nafasi moja ya mwongoza watalii wa kudumu, mwenye mshahara wa kila mwezi.

Kwa mtu wa nje hilo linaweza kuonekana jambo dogo. Khanh amefanya kazi hii miaka kumi na moja kwa kuitwa. Akiitwa, hupata dong laki sita kwa siku. Asipoitwa, hapati kitu. Mwezi wa kumi ukiingia, mvua huja na mafuriko yake, wageni hukatika, na mpaka karibu na Tet yeye hukaa nyumbani akishona kofia za majani pamoja na mama mkwe wake, magodoro yamefungwa juu darini ili maji yasiyafikie.

"Mshahara ungetuvusha mvua," anasema. "Mume wangu ni fundi pikipiki. Mafuriko yakija, na yeye hana kazi. Nani atengeneze pikipiki iliyo chini ya maji?"

Bwana Loc alishuka kwenye basi akamvuta kando.

"Dada, huyu jina lake halimo."

"Nilimwalika, kaka."

"Ulimwalika au ulimuaga?"

Khanh alikunja orodha ya wageni.

"Mimi nimekwisha kukaribisha nusu ya mji huu nyumbani kwangu," Bwana Loc alisema, "na namshukuru Mungu hakuna aliyewahi kuja. Mwambie siku nyingine. Ataelewa, ni mtu mzima."

Khanh alimtazama bikizee. Alikuwa amekwisha kuvua ndala, amezishika mkononi, asije akachafua basi la watu.

"Alivua viatu," Khanh anasema. "Ningemwambia nini mtu aliyekwisha kuvua viatu?"

Akampa kiti chake cha mbele, kando ya dereva. Yeye akakaa kwenye kigoda cha plastiki katikati ya njia, na tiketi ya bibi akailipa mwenyewe, pesa iliyokaribia ujira wake wa siku. Bwana Loc akarudi nyuma. "Nitaandika ninachokiona," alisema. Hakusema kwa ukali. Alisema kama mtu anayetaja hali ya hewa.

Walimu wa Nam Dinh walimpokea bibi kwa furaha. Kiongozi wao, Mwalimu Khiem, alimuuliza kama na yeye alikuwa mwalimu.

"Mimi? Nimesoma mpaka niliposhindwa kuwakimbia ng'ombe wa kuchunga," alijibu Bibi Ngoan. "Lakini leo ni mtalii. Nisalimieni vizuri."

Ndani ya ngome ya ikulu alitembea polepole, mikono nyuma. Mbele ya kiti cha enzi, Khanh alipokuwa akieleza jinsi mawaziri walivyopanga mistari uani kwa vyeo, bibi alimvuta mkono wa gauni.

"Mwanangu, na mfalme mchana alilala wapi? Kwa joto hili?"

"Alikuwa na watumishi wa kumpepea, bibi."

"Na wao nani aliwapepea?"

Walimu wakacheka, na Mwalimu Khiem akafungua upepeo wake wa karatasi akampepea. "Leo ni mimi, mtukufu," alisema. Bibi akafumba macho, akapepewa, hakusema hata asante. Khanh anasema katika miaka yake yote hajaona mtu aliyekifurahia kile kiti cha enzi kuliko yule aliyekuwa amekipa mgongo.

Walichelewa, bila shaka. Bibi alitaka kugusa kila mtungi mkubwa wa shaba, na kila mtungi aliuzunguka. Chakula cha mchana, wali wa kome wenye pilipili ya kutoa machozi, kiliwachelewesha tena, kwa kuwa walimu walitaka kumsikiliza akisimulia jinsi alivyoolewa. Nyuma ya basi, kalamu ya Bwana Loc haikupumzika.

Njia ya kwenda kaburi la Mfalme Tu Duc hupita Thuy Xuan. Ndiko watalii hushuka kupiga picha katikati ya vijiti vya udi vilivyotandazwa kama maua makubwa, vyekundu, vya manjano, vya zambarau. Basi la Khanh husimama kila mara kwenye nyumba nyingine, mbele zaidi. Siku hiyo Tuat alilisimamisha kwa Bibi Ngoan bila kuambiwa.

Mkaza mwana wa bibi alitoka kuwapokea wageni, akamwona nani anatangulia kushuka.

"Mama? Umerudi mapema hivi?"

"Mama gani? Mimi mgeni. Nionyeshe vijiti hivi vinaviringishwaje."

"Mama, acha mzaha mbele za watu."

"Wageni wenu mnawajibu hivi? Ndiyo maana biashara imelala."

Yule mwanamke akaangalia watu, akaangalia mama mkwe wake, akajifuta mikono, akaanza: hivi ndivyo unavyoushika unga wa udi, bibi, hivi ndivyo unavyousukuma. Bibi Ngoan alijaribu, akakosea makusudi, kijiti kikatoka kimepinda kama mkia wa nguruwe. Halafu akaketi katikati ya maua ya udi aliyoyatandaza mwenyewe alfajiri ile, akavaa kofia yake, akapigwa picha. Miaka yote hiyo alikuwa kwenye picha za watu wengine. Hii ilikuwa ya kwake, na Tuat ndiye aliyeipiga.

Bwana Loc alisogea kwa Khanh. Sauti yake ilikuwa ya upole.

"Amefika kwake. Mwache hapa, imekaa vizuri. Umetimiza."

Bibi alisikia. "Ndiyo, mwanangu, panatosha," alisema haraka. "Nimeona mengi. Nendeni."

Lakini hakusogea kuelekea nyumbani kwake. Alibaki kando ya mlango wa basi, mfuko begani. Miaka arobaini ilikuwa imemfunza jambo moja la Hue, kukataa kile unachokitaka.

"Panda, bibi," Khanh alisema.

"Hapana, nitawachelewesha."

"Panda."

"Hapana, kwa kweli."

"Bibi, mara ya tatu nakuambia, na mara ya tatu huwa tunakubali."

Akapanda.

Mvua iliwakuta kaburini kwa Tu Duc, mvua ya radi ya mwezi wa sita isiyopiga hodi. Walijibanza chini ya paa la banda lililoko juu ya ziwa la mayungiyungi wakiitazama, walimu wakiimba nyimbo za shule. Ilipokatika, muda wa mashua ulikuwa umepita. Bwana Loc alipiga simu akapanga upya: wageni wangepanda mashua kesho asubuhi kabla ya treni yao. Walimu hawakulalamika. Wengi walikuwa wamelowa na wanataka kulala.

Saa kumi na moja na nusu basi liliwashusha hotelini. Mwalimu Khiem alimpa Khanh mkono kwa mikono miwili. Ndipo Bwana Loc alipomwita kando kwa mara ya mwisho, akavua miwani.

"Nimekuandika wewe," alisema. "Usiniulize kwa nini, mimi mwenyewe sijui. Walimu hao hawatausahau mji huu. Mkurugenzi yuko ofisini mpaka saa kumi na mbili, kisha anapanda ndege. Twende utie saini."

Khanh anasema miguu yake ilitaka kwenda kabla yake. Aligeuka kumwambia Bibi Ngoan, na bibi alikuwa amekwisha kuelewa, amesimama kando ya barabara, anatabasamu.

"Nenda, mwanangu, nenda. Mashua siku nyingine."

"Siku nyingine," Khanh anasema sasa. "Nimesema neno hilo maisha yangu yote. Siku nyingine ya Hue haimo kwenye kalenda yoyote. Na aliyenijibu hivyo ni yule yule aliyekuja kwa sababu hakulijua."

Alimuuliza Bwana Loc kama mkurugenzi anaweza kungoja hadi saa moja. Bwana Loc akapiga simu. Haikuwezekana. Mkurugenzi alikuwa na jina la pili mezani.

"Dada," Bwana Loc alisema, "bibi huyu kesho atakuwapo. Nafasi hii kesho haitakuwapo."

"Najua, kaka."

"Basi?"

"Nilimwambia siku nzima, mpaka mashuani. Siku bado haijaisha."

Nafasi ile leo anayo kijana mmoja kutoka Dong Ha, na Khanh anasema ni mzuri, sauti yake inafika mbali. Yeye anaendelea kuitwa siku kwa siku. Bwana Loc humwita mara nyingi kuliko zamani, na bado humuuliza wale aliowaalika wengine wanakuja lini. Majani ya kofia ameanza kuyaweka akiba kwa ajili ya mvua. Mwakani kampuni itaajiri tena, naye ataomba tena. Jioni anajifunza Kikorea kwa simu ya binti yake, kwa kuwa Korea ndiko wageni wengi wanakotoka siku hizi.

"Sijuti," anasema. "Siku mvua ikinifungia ndani pengine nitajuta kidogo, sitakudanganya. Lakini namshukuru yule bibi. Watu elfu ngapi wamenisikiliza kwenye lile basi, na yeye ndiye aliyeniamini." Anacheka. "Mume wangu anasema nimekuwa mtu wa milimani. Sasa nikimkaribisha mtu, namtajia na siku."

Jioni ile Tuat aliwafikisha gatini, akakataa kuondoka, akakaa kwenye ngazi za basi kuwangoja. Mama mwenye mashua alichungulia nyuma yao.

"Wako wapi wengine?"

"Ni sisi."

"Wawili? Hii hubeba ishirini, dada. Mafuta ni yale yale."

"Najua. Tupeleke mpaka hekalu la Thien Mu, uturudishe."

Mto Huong umejaa, maji ya kahawia, majani ya juu milimani yanapita yakielea. Bibi Ngoan anachagua kiti cha mbele kabisa, anakaribisha mfuko wake kwenye kiti cha pili, anakunja mikono mapajani. Injini inakohoa, inashika. Mashua inapita chini ya daraja wakati simu inaanza kuita mkobani mwa Khanh. Jina la Bwana Loc linawaka kwenye kioo. Ni saa kumi na mbili kasoro dakika tano.

Khanh anaizima. Anasimama mahali wanaposimama waongozaji, mbele ya safu za viti vitupu, anajishikiza kwenye nguzo, na kumgeukia mgeni wake mmoja. Kisha anaanza maelezo kama anavyoyaanza kila siku, tangu mwanzo, bila kuruka neno.