Sadaka Iliyorudishwa

Wiki iliyopita nilikwenda Kariakoo kutafuta mapazia ya sebuleni, nikajikuta nimesimama mbele ya duka la spika. Unaijua Kariakoo, unatoka nyumbani na kitu kimoja kichwani, unarudi na mifuko minne na hicho kimoja umekisahau. Muuzaji alikuwa akijaribu spika kubwa, zile za kukodisha kwenye harusi, akipitisha nyimbo moja moja kwenye simu yake. Katikati ya bongo fleva na taarabu ukapita wimbo wa roki, gitaa linaunguruma na mwanamume anapaza sauti kwa Kiingereza. Haukukaa hata nusu dakika. Muuzaji alicheka, akauliza huu nao umetoka wapi, akaubadilisha. Mimi nikabaki pale na mkoba kifuani, machozi yananilengalenga, mwanamke mzima wa miaka arobaini na kitu, huku wapagazi wakinipigia kelele niwapishe.

Tulikuwa tukikaa mitaa mitatu tu kutoka hapo. Ilikuwa nyumba ya vyumba sita vinavyotazamana, ua mmoja, bomba moja, na mbele duka la jumla la mama. Sisi ni watu wa Kilimanjaro, na ule utani wote unaousikia kuhusu Wachaga na maduka, kwetu ulikuwa kweli tupu. Baba alikuwa na duka la vipuri mtaa wa Gerezani, na hata Jumapili alishinda huko. Mama aliuza sabuni, mafuta ya kupikia, biskuti na viberiti kwa katoni. Tukitoka shule, kazi yangu na dada ilikuwa kufuta vumbi kwenye katoni na kuchambua mchele wa jioni kwenye ungo. Mpaka leo nikinusa sabuni ya mche naiona ile stoo, na harufu ya dagaa ikiingia kutoka sokoni kupitia dirisha la nondo.

Dada alikuwa na miaka kumi na saba, mimi kumi. Alikuwa na rafiki mmoja tu shuleni, binti wa familia ya Kihindu waliokaa Upanga. Familia ile ilipohamia Kanada, rafiki alimwachia redio kaseti ndogo nyeusi na mfuko wa kanda za roki. Baada ya hapo dada hakutafuta rafiki mwingine. Alinyoa nywele zake ndefu ambazo mama alikuwa akijivunia, akawa anavaa fulana nyeusi joto lote lile la Dar, na akimaliza kazi anajifungia stoo juu ya katoni za sabuni na redio mapajani. Betri zikiisha nguvu alizianika juani ukutani, na kanda alizirudisha nyuma kwa kuzizungusha na kalamu ili asimalize betri. Wapangaji wenzetu wakaanza kunong'ona pale bombani kwamba mtoto wa mama mwenye duka amepagawa. Mama alisikia, akawa anafua usiku usiku ili asikutane nao.

Mimi ndiye niliyeruhusiwa kuingia stoo, na mimi najua kilichokuwa kikiendelea mle. Dada alikuwa akimtafuta Mungu. Najua ukiambiwa hivyo unacheka, hata mimi nilicheka. Alikuwa amemaliza mafundisho ya kipaimara, amekariri kila kitu, kisha akamuuliza mwalimu wa kipaimara mtu atajuaje kama amesikiwa anapoomba. Mwalimu alimwambia asiwe na maswali ya kitoto, akamrudisha kwenye Amri Kumi. Basi yeye akaenda na swali lake kwenye kanda. Siku moja alinivika vile visikilizio masikioni, nikaviondoa haraka kwa sababu zile kelele zilinitisha. Hakukasirika. Aliniambia, "Huyu anayeimba anamuuliza Mungu kwa nguvu. Sisi kanisani tunamuuliza kwa adabu mno, labda ndiyo maana hatujibiwi."

Sasa ikaja Sikukuu ya Mavuno. Kama hukulelewa kwenye makanisa yetu nikueleze kidogo. Siku hiyo kila mtu analeta alichovuna, na kwa kuwa sisi wa mjini hatuna mashamba, wenye maduka huleta vya dukani. Ibada ikiisha, vitu vyote vinatolewa nje na kunadiwa. Ilikuwa raha, nisikufiche. Mzee wa kanisa aliyekuwa akinadi alikuwa mcheshi kuliko wasanii wa redioni. Mtu ananunua jogoo halafu anamzawadia mchungaji, mwingine ananunua mkungu wa ndizi na kuurudisha unadiwe tena. Watoto nasi tulinyoosha mikono tukapata miwa na machungwa. Nilishaona trei ya mayai yaliyopasuka ikigombewa na kinamama watatu. Miaka yote ile sikuwahi kuona kitu kimekosa mnunuzi.

Jumapili moja kabla, mchungaji alihubiri kwamba sadaka ya kweli ni kile unachokipenda, siyo kile kilichokuzidi. Waumini waliitikia kwa vichwa, wakaenda kula. Nadhani katika kanisa zima aliyesikia ni dada peke yake. Wiki nzima hakusikiliza redio. Aliifuta kwa kitambaa chenye mafuta ya taa mpaka ikang'aa, akaweka betri mpya na ile kanda aliyoipenda kuliko zote ndani yake. Usiku, tukiwa kitandani, alininong'oneza kwamba wakiipokea ndio atakuwa amejibiwa.

Nilitakiwa nimwambie aitoe ile kanda. Nilikuwa na miaka kumi lakini akili hiyo nilikuwa nayo, na nilinyamaza kwa sababu nilikuwa na hamu ya kuona itakuwaje.

Siku yenyewe mama alipeleka madumu mawili ya mafuta, na dada akaweka redio yake katikati ya maboga na mchele. Zamu ya redio kunadiwa ilipofika, mzee alifurahi, akasema leo tumepata chombo cha kisasa, na kwa uaminifu wake akabonyeza kitufe ili watu waone kinafanya kazi. Ilitoka ile sauti. Watu waliruka, kisha wakacheka, halafu mama mmoja wa mbele akaanza kukemea mapepo na wengine wakamfuata. Mzee alihangaika kuizima. Akaiweka pembeni, akasema tuendelee kwanza na kuku.

Kuku wakaisha, miwa ikaisha. Ikabaki ile redio juu ya meza tupu. Mzee alikuwa mtu mwema. Akaichukua tena, akauliza nani anaanzia. Hakuna aliyenyoosha mkono. Akashusha, akashusha, mpaka akasema, "Hata shilingi mia, jamani. Ni sadaka ya mtoto wetu." Nilikuwa na mia mbili mkononi, nilizopewa za machungwa. Mama alikuwa amenishika mkono mwingine, anatazama chini. Dada hakuwatazama wazee wala mchungaji. Alinitazama mimi. Na mimi nikatazama viatu vyangu vya Jumapili mpaka nikasikia mzee akisema, kwa upole kabisa, "Rudi nayo tu nyumbani, mwanangu."

Tulirudi kwa miguu. Mama alikuwa amepika mtori wa ndizi tangu alfajiri, akamwekea dada bakuli kubwa lenye nyama nyingi, na hiyo ndiyo ilikuwa namna yake ya kuomba radhi. Dada hakula. Aliniambia jioni, akikunja nguo, kana kwamba ananieleza kuhusu hali ya hewa, "Nimejibiwa."

Alijaribu kwingine, usidhani alikata tamaa siku hiyohiyo. Alifuatana na jirani kwenye mikutano ya maombi ya hemani, wakamwekea mikono mpaka akarudi na sauti imemkauka. Alikwenda hekalu la kina rafiki yake, akakaa nyuma peke yake na viatu mkononi. Alifunga siku tatu asimwambie mtu. Kisha akaacha vyote, na mimi niliyekuwa nikingoja arudi kwenye kanda zake nikagundua amewapa wauza vyuma chakavu redio pamoja na mfuko mzima. Mama alimshukuru Mungu. Mtaa ukasema amepona. Mimi nililala naye kitanda kimoja, na kwa mara ya kwanza nilimwogopa, maana alikuwa akilala usingizi mzito kama mtu asiye na la kuwaza.

Leo ile nyumba ni ghorofa la maduka ya simu. Mama na baba wamepumzika makaburini Moshi. Dada anafanya kazi kwenye ofisi ya wakala wa forodha bandarini, anakaa Upanga, watoto wake wanasoma vizuri. Anakwenda kanisani kukiwa na harusi. Muziki hasikilizi wa aina yoyote, hata kwenye gari. Kila mtu anamsifu kwa utulivu wake, na mimi nikisikia wakimsifu naondoka.

Siku ile ya spika nilishindwa kwenda nyumbani, nikachukua bajaji mpaka kwake. Alinipa chai ya maziwa na maandazi. Nikamweleza yote, mnada, zile mia mbili, viatu vyangu, nikamwomba msamaha huku nikilia. Alinisikiliza kwa huruma, ila hakukumbuka. Alijaribu kweli, nilimwona akijaribu. Redio alikumbuka kidogo. Mnada hapana.

Alinikaushia machozi kwa kanga yake, kisha akaniuliza, "Hivi, mdogo wangu, wakati ule mimi nilikuwa natafuta nini?"

Nilikuwa na jibu. Nimelitunza miaka yote hii, na duniani kote sasa hakuna mwingine anayelijua. Nikamtazama pale alipokaa, hana shida na mtu, anangoja nimwambie.

Nikamwambia hata mimi sikumbuki. Akasema basi, akaniongezea chai.