Nati Ndani ya Tope

Tope la mikoko linanuka kama yai viza, na likizo nzima ya darasa la sita nilikula na harufu hiyo kwenye kucha. Babu yangu mzaa mama aliijaza ndoo uani kwetu Chuno, Mtwara, akanifunga macho kwa kanga ya bibi, akanitaka nikaze nati kwenye bolti ndani ya tope lile. Ndivyo alivyofundishwa yeye ujanani, bandari yetu ilipokuwa changa: miezi mingi ya ndoo na kamba, kabla ya kuvishwa kofia ya shaba na viatu vizito vya madini ya risasi na kushushwa majini chini ya gati. Mtaani hakuna aliyemwamini. Walisema mzee wa korosho huyo bahari ataijulia wapi, na mjomba Hamisi, mwanawe wa kumzaa, alicheka nao. Iliniuma sana. Babu aliniambia tu, "Mke wangu, majini jicho hudanganya. Kidole hakidanganyi."

Likizo ilipokaribia kwisha tulimfuata mjomba kwenye mdomo wa Ruvuma, alikokuwa akivusha watu kwa mashua. Asubuhi hiyo injini yake ilichomoka ikazama karibu na ukingo. Maji yalikuwa ya kahawia, hata kiganja chako hukioni. Vijana watatu walizama, macho kodo, wakaibuka mikono mitupu. Mjomba akaketi mchangani kajishika kichwa, maana watoto wake sita walikula kwa injini ile.

Kifua cha babu kilikuwa kimeshachoka. Alinifunga kamba kiunoni, akanipa ya pili mkononi ya kufungia injini, akanikumbusha: mvuto mmoja nipo salama, miwili nimepata, mitatu nitoe. Mama angekuwepo, asingekubali. "Fumba macho," akasema babu, "papasa kama kwenye ndoo." Mara mbili pumzi iliniishia. Mara ya tatu vidole vikagusa chuma, nikapapasa hadi kwenye pangaboi la injini, nikafunga kamba ya pili kwa fundo alilonifundisha babu. Nikavuta mara mbili. Nilifurahi mpaka nikameza maji.

Injini ilipotua mchangani, mjomba alimshika babu mkono. "Nisamehe, baba."

"Mimi sina neno. Mshukuru mke wangu."

Wahenga walisema, mdharau mwiba mguu huota tende. Siku hizi wazamiaji wanaokuja Mtwara kwa kazi za gesi wana taa, simu masikioni, na kila mmoja cheti chake. Babu hakuachiwa hata karatasi. Lakini tangu siku ile hadi tunamzika, Chuno nzima ilimwita Mzee Mzamiaji, na aliyeanza kumwita hivyo ni mjomba Hamisi.